Namna ya Kumtoa: Kama Hapo Juu

Mara ya kwanza karani wa orodha alipolisikia neno la shemeji yake, alicheka. Mara ya pili kalamu ikamponyoka.

"Shemeji, mwavuli huu una matundu kuliko soksi za kaka, njoo uchungulie!"

Mdogo wa mumewe, mchukuzi wa ghala, alikuwa amesimama kati ya rafu mbili, mwavuli mweusi umefunguka juu ya kichwa chake. Alisema, akakonyeza jicho, kisha akarudi pale pale alipoanzia, kama mtu aliyevutwa kwa kamba.

"Mwavuli huu una matundu kuliko soksi za kaka, njoo uchungulie!"

Neno la kwanza lilikuwa limeliwa.

Ghala lile lilitunza vitu vilivyogombana na wakati: kioo kinachokuonyesha utakavyoamka kesho, kijiko kinachokoroga chai ya juzi, saa inayodai ni mapema hata ukichelewa, ambayo wafanyakazi wote waliipenda. Kila kitu kilikuwa na kadi yenye namba, sura, tabia, na mstari wa mwisho ulioanza "Namna ya kumtoa", yaani mtu aliyenaswa. Tarehe haikuandikwa, maana humo ndani tarehe hazikutulia. Ukiandika Jumatatu, kesho unaikuta Alhamisi, inakukodolea macho. Kadi zilitambulika kwa mpangilio wa namba tu.

Karani aliivuta droo, akaipata 318.

"Soma!" Mkuu wa ghala, mwanamke wa makamo ambaye hakuna aliyewahi kumwona akikimbia, alifika mbio. "Soma kwa sauti, mwanangu!"

"Mwavuli mweusi. Anayeufungua chini ya paa hukwama katika kauli yake. Kila mzunguko neno moja huliwa. Yakiisha maneno, na mtu kaisha. Namna ya kumtoa..." Aliisogeza kadi karibu na macho. "Kama hapo juu."

Mwandiko ulikuwa wake mwenyewe, wa siku fulani ya haraka.

"Una matundu kuliko soksi za kaka, njoo uchungulie!"

"Sasa hapo juu panasemaje?"

Kadi iliyotangulia ilikuwa 317A, ya kengele ya shaba. "Mshike mikono, umvute kwa nguvu."

Mkuu alikwisha kukunja mikono ya blauzi, anamwendea mchukuzi. Karani akafunua kadi moja zaidi nyuma. 317, koti la manyoya: *Asiguswe. Ukimvuta utabaki na mkono tu. Aliyeitwa afanye alichoombwa.*

"Mkuu, simama! Usimguse!"

"Nisimguse vipi na umesoma mwenyewe?"

"Hapo juu ziko mbili! Sijui nilipoandika ilikuwepo ipi!"

"Hujui?" Mkuu aligeuka polepole. "Uliandika kitu usichokijua?"

"Niliona uvivu, Mkuu. Nilitaka kuwahi nyumbani."

"Kuliko soksi za kaka, njoo uchungulie!"

Kengele. Karani alijifinya paji la uso. Kengele ile, siku ilipoletwa, ilimponda shemeji yake kidole cha mguu, tena siku yake ya kwanza kazini, akachechemea wiki nzima akidai fidia ya chapati. Na mwavuli? Mwavuli ulikuwepo kabla hajaajiriwa. Ndiyo maana hakuujua, akaufungua kama mwavuli wa sokoni! Kwa hiyo kengele ilikuja baadaye, ikachomekwa katikati kwa ile A. Alipoandika "hapo juu", hapo juu palikuwa na koti.

"Ni koti," alisema. "Niliyeitwa ni mimi. Inabidi niingie."

"Na ukikosea?"

"Kaka, njoo uchungulie!"

Akikosea, mumewe angepoteza mke na mdogo wake kwa mwavuli mmoja. Karani aliinama akapita chini ya ukingo wa kitambaa bila kumgusa shemeji yake hata kwa ncha ya gauni.

Mle ndani sauti zote zilikatika, isipokuwa ya shemeji yake. Kitambaa kilikuwa kizima. Hakuna hata tundu.

"Njoo uchungulie!"

Alizungusha macho, akatafuta kwa pupa. Mwongo mkubwa huyu! Hata akifa atakufa kwa utani!

"Uchungulie!"

Ndipo alipoliona, karibu na mpini, dogo kuliko punje ya ulezi. Akabandika jicho.

"Nimechungulia!" alipiga kelele. "Shemeji, nimechungulia!"

Mwavuli ulijifunga wenyewe kwa kishindo, ukaanguka sakafuni. Mchukuzi aliyumba, akashika rafu, akamtazama shemeji yake aliyelowa jasho.

"Vipi, umefukuzwa na mbwa?" aliuliza, akicheka.

Mkuu alikaa chini, palepale sakafuni. Karani alitaka kumpiga kofi huyu mtu, akajikuta amemkumbatia.

"Taratibu, bwana! Akituona..." Mchukuzi alikuna kichwa. Akajaribu tena. "Akituona yule... aliyekuoa. Yule tuliyezaliwa naye." Kicheko kilianza kumtoka usoni. "Nimesahau anaitwaje. Na wewe mimi huwa nakuitaje?"

Yale maneno yaliyoliwa hayakuwa yamerudi.

"Kaka," alimwambia taratibu. "Yule ni kaka. Sema nami: ka-ka."

Midomo ya mchukuzi ilijipanga vizuri kabisa. Sauti ikagoma.

"Tena," alisema karani, akamvutia kiti.