Asali ya Dirishani

Mimi ni kinyozi, na kinyozi bubu hana wateja. Naongea mashine ikiwa mkononi, naongea nikila, na mke wangu anadai hata usingizini namwuliza mtu kama ndevu zipunguzwe au zitolewe zote. Dada yangu aliniita Redio tukiwa wadogo, na mpaka leo hana jina jingine la kuniita. Kwa hiyo mtanivumilia nikizunguka kidogo. Habari yenyewe ni kwamba nilikwenda kumzuia dada asijiue kwa ukaidi.

Dada anafuga nyuki. Alianza na mumewe, na shemeji alipofariki akabaki na nyuki. Mizinga yao ni masanduku ya mbao yaliyopangwa nyuma ya nyumba, kila moja limekaa juu ya miguu ya chuma, na kila mguu umetumbukizwa kwenye kopo la oili chafu ili sisimizi wasipande. Wasafiri hupita kutazama manzuki yake, hilo shamba lake la nyuki, huonja asali kwa kijiko, hupiga picha, huenda zao. Wakiondoka yeye hurudi kwenye masanduku yake. Ameumwa na nyuki miaka yote hiyo, na kila alipoumwa aliung'oa mwiba kwa ukucha akaendelea na kazi kama mtu aliyetoa uzi kwenye nguo.

Halafu nyuki mmoja, mmoja tu, akamuuma shingoni, na dada akaanguka. Uso ulivimba, koo likaanza kuziba, msaidizi wake akamkimbiza hospitali hajitambui. Daktari hakumumunya maneno. Alimwambia mwili wake umeikataa sumu ile, kwamba hutokea hata kwa waliozoea, na kwamba akiumwa tena huenda asifike hospitali. Msaidizi naye alipohakikisha dada anapumua, alikwenda kwao na manzukini hakurudi. Mimi simlaumu, ningekuwa yeye ningehama mji kabisa.

Haya yote dada alinieleza kwenye simu kama anayesimulia habari za jirani. Nilikuwa safarini, natoka kwenye harusi ya upande wa mke wangu, na mke mwenyewe nilimwacha huko na ndugu zake. Nilishuka njiani bila kumwambia dada. Ndani ya basi nilikuwa nimeshajipanga: nitamsihi, nikishindwa nitamlilia, na mwisho wa yote mizinga atamuuzia Mzee wa Alizeti, jirani yake mwenye shamba, ambaye ameitolea macho siku nyingi.

Nilimkuta uani. Amevaa vazi lake jeupe, kofia ya wavu ameibana kwapani, anawasha bomba la moshi la kutulizia nyuki.

"Unafanya nini?" nikamwuliza.

"Salamu kwanza. Za safari, mdogo wangu?"

"Dada, unafanya nini?"

"Navuna. Masega yamejaa hadi juu. Nikiyaacha, nyuki watakosa nafasi, watahama. Nivune mara hii tu, halafu naacha."

"Halafu unaacha kupumua."

"Vazi halina tundu. Nimelikagua."

"Na siku ile lilikuwa na tundu?"

Alibana bomba, moshi ukatoka kidogo, akautazama kama mpishi anayetazama jiko. Hapo nikapandwa na hasira, na maneno yote niliyoyapanga kwenye basi yakayeyuka. Nilimwambia ana kichwa kigumu kama jiwe la kusagia. Nilimwambia shemeji angekuwa hai angemfungia ndani. Nilimwambia wanangu wana shangazi mmoja tu, hawana wa akiba. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa pumzi.

"Umemaliza?" akasema. "Haya, nani atavuna?"

Mdomo wangu huu utakuja kuniponza. Nikasikia unasema, "Mimi."

Dada alicheka mpaka akakaa juu ya ndoo. "Wewe? Wewe uliyefukuzwa na kuku mbele ya wakwe zako?"

"Kuku yule alikuwa na vifaranga, na nia yake ilikuwa mbaya. Lete hilo vazi."

Tukavutana pale, akakubali kwa shingo upande. Sharti langu lilikuwa akae ndani, mlango ufungwe, aniongoze kupitia dirisha la chumba chake, ambalo lina wavu na linatazama mizinga. Na yeye akatoa lake. "Nikikuona unapiga-piga mikono, Redio, au nikisikia unapiga kelele, natoka. Natoka hivi hivi nilivyo. Siwezi kukaa dirishani nawatazama wanakumaliza." Ninamfahamu dada yangu, hatishii mtu bure. Kwa hiyo nilivaa lile vazi nikijua kwamba woga wangu ukionekana, ndio utakaomuua.

Hebu mfikirie mtu mzima aliyezoea kiyoyozi na vioo, yuko ndani ya nguo ya dada yake iliyomwishia juu ya kifundo cha mguu, ananyatia masanduku yanayovuma. Mvumo ule hausikiki masikioni tu, unaingia mpaka tumboni.

"Usisimame mlangoni mwao, kaa ubavuni," dada alisema kutoka dirishani. "Puliza moshi. Kidogo. Sasa ngoja."

"Ningoje nini?"

"Wale asali kwanza. Wakisikia moshi wanadhani ni moto, wanajishibisha ili wakimbie. Aliyeshiba hana haraka ya kugombana."

Nikangoja, kisha nikakibandua kifuniko. Kilikuwa kimegandishwa kwa nta, kikaachia kwa mlio mdogo, na nyuki wakafurika. Wakaja mpaka kwenye wavu wa uso wangu, wakitembea mbele ya macho yangu nikiwaona miguu. Dada akaendelea kuongea kwa sauti ile ile ya chini, kama anayembembeleza mtoto ale. Nitoe sega la pembeni. Yale ya katikati nisiyaguse, ndiko waliko watoto wao. Nitazame kama vijumba vimezibwa kwa nta, maana vilivyozibwa ndivyo vilivyoiva, vilivyo wazi niviache. Nikachukua brashi, nikaanza kuwafagia nyuki kutoka kwenye sega kurudi ndani ya sanduku. Kusema kweli hapo mikono yangu ilitulia. Kufagia nywele shingoni mwa mteja bila kumkera ni kazi ninayoifanya kutwa.

Nilikuwa nimeanza kujiona fundi, mara nyuki mmoja akapata pale suruali ilipopungua, akaniuma kwenye kifundo. Maumivu yalipanda hadi kwenye meno. Nikajikaza, sikutikisa hata kidole.

"Vipi huko?" dada akauliza.

"Salama."

"Mbona umenyamaza?"

Sikuweza kujibu, nilikuwa nimeuma ulimi. Nilipoinua macho dirishani hapakuwa na mtu, na nikasikia komeo la mlango linaguswa. Nikajua nikimwambia rudi, atatoka, nikimkemea, atatoka. Basi nikaanza kumsimulia harusi. Nilimweleza jinsi mshenga alivyosinzia kwenye hotuba yake mwenyewe, jinsi mama mkwe alivyobadilisha nguo kila mtu alipomsifia bibi harusi, jinsi keki ilivyoletwa imeandikwa heri ya kuzaliwa. Mengine niliyatia chumvi, mengine niliyatunga pale pale, sauti juu, huku nafagia nyuki na mguu unawaka moto. Komeo likanyamaza. Uso wa dada ukarudi kwenye wavu, anacheka, anafuta machozi.

"Heri ya kuzaliwa?"

"Na mshumaa juu."

Nikamaliza mzinga ule, nikaingia wa pili, nikaingia wa mwisho, sikufunga mdomo hata kidogo. Ndoo zilijaa masega. Nilirudisha vifuniko, nikasubiri nyuki watulie, nikazivuta ndoo hadi kivulini chini ya dirisha. Glavu zilikuwa zinanata nikazivua. Nilikuwa nimelowa jasho, na nilikuwa na furaha kubwa, sitaki kudanganya. Nilisahau kabisa kwamba nilikuja kuikomesha kazi ile.

"Nipe kipande," dada alisema.

"Ngoja nikakuchujie."

"Iliyochujwa ni ya wageni. Mimi naitaka na sega lake, kabla joto la mzinga halijatoka. Hiyo ndiyo niliyoifanyia kazi miaka yote."

Nani angemnyima? Nilikata kipande, nikakigeuza, nikakifagia, nikakipulizia, nikakishika kuelekea juani nikikitazama pande zote. Kilikuwa safi. Dada akasogeza wavu upenyo wa mkono tu, akanyoosha vidole. Nami nikakipeleka, na pale sega lilipojikunja akatoka nyuki, mabawa yameloa asali, anatembea taratibu kuelekea kidoleni kwake.

Sikufikiri. Nikamfumbata.

Akaniuma katikati ya kiganja. Sega lilianguka chini. Nilibaki nimekunja ngumi mbele ya dada, yeye ananitazama. Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. Aliurudisha mkono wake ndani polepole, akaufunga wavu.

"Fungua ngumi," akasema.

Nikaifungua. Nyuki alikuwa amekufa, kajibandika kwenye asali.

"Ng'oa mwiba kwa ukucha. Usiubinye, utajimiminia sumu yote."

Nikafanya hivyo. Kisha nikakamua asali tupu kwenye kisosi, nikaipitisha kwenye kichujio cha chai, nikaitazama mpaka macho yakauma, nikampa. Aliichovya kwa kidole, akafumba macho. Akakaa nayo mdomoni muda mrefu.

"Alizeti kidogo," akasema. "Nyingi ni maua ya ile miti ya mteremkoni. Imechanua mapema." Akaonja tena. "Imeiva vizuri. Umevuna vizuri sana, mdogo wangu."

Ndipo akalia. Sijamwona dada akilia tangu siku ya kumzika shemeji, na siku ile alilia kwa kujificha. Safari hii alilia waziwazi, kisosi mkononi, na mimi niko nje ya wavu siwezi hata kumshika bega.

"Nenda kamwite Mzee wa Alizeti," akasema. "Mwambie aje aichukue mizinga. Yote."

"Dada, si lazima iwe leo."

"Daktari nilimjibu sawa, nitaacha nyuki, ili aniruhusu nirudi nyumbani. Sikumaanisha. Hata wewe ulipokuwa unanigombeza nilikuwa nawaza mavuno ya msimu ujao." Akafuta uso kwa kanga. "Nilidhani nachezea maisha yangu peke yangu. Siwezi kula asali ambayo mtu amesimama dirishani akamfumbata nyuki kwa ajili yangu."

Nilijilamba kiganja, maana asali ilikuwa bado ipo. Ilikuwa ya moto, tamu hadi kooni, na mwishoni ilikuwa na uchungu kidogo wa maua ambayo siyajui. Nilitaka kumwuliza ni maua gani. Nilitaka kumwambia kwamba naweza kuja kila msimu, nafunga saluni siku mbili tatu, mguu utazoea. Nilichokifuata kwa basi nilikuwa nimekipata, na sikukitaka tena.

"Nenda," dada akasema, "kabla sijabadili mawazo."

Nikaenda. Nilitembea polepole, kumpa nafasi ya kuniita. Hakuniita.