Kwaya ya Awasi Yashika Makasia

Mzee Aloo, mwenye boti, alikuwa amemwahidi Naswa, kijana wake wa kutembeza wageni: wanakwaya hawa kutoka Awasi wakirudi na furaha, safari zote za Jumamosi ataziongoza yeye. Basi Naswa akawatunza kama mayai. Aliwashika mkono wakipanda, akawafunga jaketi za kuokolea, akawamenyea hata machungwa. Kwao Bungoma mgeni hagusi kazi. Akigusa, mwenye nyumba ameaibika.

Injini ikanguruma, ufuo wa Dunga kwenye Ziwa Victoria ukabaki nyuma. Kiboko walimwona, lakini kwa mbali, masikio tu. Dishon, mwimbaji wa besi, akapiga mwayo hadi kofia ikamdondoka.

"Tumekaa kama magunia ya mchele," mwanakwaya mwenzake, Mama Rosa, alimnong'oneza. Naswa akasikia, akatamani kujificha chini ya kiti.

Ndipo upepo ukageuka. Magugumaji yakasogea polepole, yakawazingira. Injini ikakohoa, ikanyamaza. Mizizi ilikuwa imejisokota kwenye panga lake la kusukuma maji.

Naswa akachukua kasia. "Samahani sana. Kaeni tu, nitapiga mwenyewe."

"Peke yako? Tufike Krismasi?" Dishon akacheka.

Mama Rosa akachungulia chini ya viti. "Na haya mengine ni ya kusongea ugali?"

"Mama, ninyi ni wageni..."

"Wageni gani! Lete hapa!"

Mwanzoni ilikuwa vurugu. Boti ilizunguka palepale, na Dishon akawamwagia maji akina mama wote wa sauti ya kwanza.

"Yawa! Besi, hata kasia mnachelewa kuingia?" mmoja wao akapiga kelele.

Naswa, ambaye kwa kawaida sauti yake haikuvuka meza, akasimama. "Imbeni! Kasia lifuate wimbo!"

Wakaimba. Makasia yakazama pamoja, yakainuka pamoja. Magugumaji yakaanza kupasuka mbele yao. Chura akamrukia Dishon mapajani, wimbo ukavunjika kwa kicheko, wakauanza upya.

Walifika ufuoni wamelowa chapachapa. Mzee Aloo alikuwa amesimama, mikono kiunoni.

"Naswa! Wageni wangu umewafanyisha kazi?"

Naswa akainamisha kichwa. Mama Rosa akamtangulia mbele.

"Mzee, mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Huyu ametupa kasia siku ya kwanza, na Jumamosi tunarudi. Ila hiyo injini yako iache nyumbani."

Nyuma yake, Dishon alikuwa akimwonyesha kila mpita njia malengelenge ya viganjani, kama bwana harusi anayeonyesha pete.

Mzee Aloo akamtazama, kisha akamgeukia Naswa. "Jumamosi uje mapema," akasema. "Kuna makasia ya kuongeza."