Kirima si Kilima

Siku Norman alipoichoma nyumba ya Zachariah, Wanjira alikuwa ameketi kwenye kiti cha plastiki, ghorofa ya nne kule Waithaka, tableti mapajani na chai ikipoa kando yake. Hakulia. Aliutazama moto ukianzia jikoni, ukala zizi la ndama, ukafika kwenye benchi la mlangoni, na hapo ndipo alipofumba macho. Alipoyafumbua palikuwa na jivu tupu, na chini ya kioo maneno mafupi. Norman alikuwa amewaandikia wanakijiji wote kwamba kile kibanda cha mabati kilikuwa kinaharibu sura ya kijiji, na kwamba mahali pale patajengwa kasri.

Ilikuwa nyumba ya kwenye mchezo, hilo Wanjira alilijua vizuri. Nyumba yenyewe, ile ya mbao na mabati ambayo mumewe Zachariah aliipigilia misumari kwa mikono yake mwaka walipooana, ilibomolewa barabara ilipopanuliwa, miaka minne baada ya kumzika. Ikabaki kichwani mwake peke yake. Ndipo Shiku, mjukuu wake anayeishi naye, akafungua kijiji kwenye mtandao, ndani ya ule mchezo wa kujenga kwa matofali ambao watu wengi huingia pamoja, kila mmoja na simu yake. Akamwambia, shosho, kama alivyozoea kumwita bibi yake, nionyeshe vile ilikuwa.

Wakaijenga upya pole pole, tofali kwa tofali. Wanjira alisema na Shiku akaweka: jiko nje, mlango utazame mashariki, tangi la maji hapa, mparachichi pale. Hata benchi ambalo Zachariah alikuwa akikalia kuvua gambuti lilipatikana. Wanjira alipoliona mahali pake aliomba aachwe peke yake kidogo na ile tableti.

Alipoulizwa anataka kuitwa nani humo ndani, alichukua muda. Alikuwa amesoma mpaka darasa la tatu tu, na kwa kidole kimoja akaandika Kirima, kwa sababu kwao alikozaliwa ni mlimani. Shiku akacheka, akamwambia kwa Kiswahili ni kilima, kwa L. Wanjira akamjibu kwamba kwao L haikuwepo, na mlima ulikuwepo.

Sasa huyu Norman alikuwa rafiki wa Shiku wa chuo, mtoto wa Lavington, mwenye maneno matamu. Shiku alipopata kazi kwenye duka la uchapishaji katikati ya jiji, akawa anatoka asubuhi na kurudi amechoka, Norman alijitolea kumsaidia kuangalia kijiji. Akaomba apewe uadmin ili asimsumbue kwa kila jambo. Shiku akampa. Na mwenye uadmin ndiye mwenye funguo zote. Anajenga, anachoma, anafukuza, na akipenda anampa mwingine funguo hizo hizo. Shiku alikuwa ameyaweka maneno ya amri kwa Kiswahili ili shosho yake ayaelewe: mpe, vua, funga, fungua, tazama. Jumatatu moja Norman akaandika vua Shiku. Halafu akaandika funga Shiku. Mwenye kijiji akajikuta nje ya kijiji chake, akisomewa na simu yake mwenyewe kwamba hana ruhusa ya kuingia. Wengine waliambiwa Shiku amechoka, ameenda zake.

Shiku alimpigia Chetan, kwa maana mashine iliyobeba kijiji kizima ilikaa nyumbani kwa kina Chetan, Muthangari, ambako stima hazipotei ovyo. Chetan mchana yuko dukani kwa baba yake mjini, anauza vitambaa, na ni mtu asiyependa kelele. Aliomba msamaha mara tatu. Akasema Norman ameweka sheria, na yeye ameikubali: mtu akitolewa na admin, mwenye mashine asimguse, la sivyo kila aliyekosana na mwenzake atakuja kulia mlangoni kwake. Shiku akakata simu, akalala bila kula.

Wanjira alibaki ndani. Norman hakujua kwamba Kirima ni shosho ya Shiku. Alijua tu ni mama mzee fulani anayeandika salamu kila asubuhi, na salamu zenyewe zimejaa R. Wanjira akiandika kwamba viazi vimekubari, au mvua imerara juu ya shamba, Norman alikuwa akiwaita wengine waje wasome. Kushrub, ndivyo wanavyosema Nairobi, yaani kuacha lugha ya mama iharibu nyingine. Aliandika siku moja mbele ya wote, "Huyu shosho anashrub hadi kwa jina lake. Mwacheni amwagilie mboga, hawezi haribu kitu." Wakacheka. Wanjira akasoma neno moja moja mpaka mwisho, kisha akaenda akamwagilia mboga.

Baada ya moto, Shiku alimsihi aondoke humo. Alimwambia hakuna maana ya kukaa unatazama mtu akijenga juu ya jivu lako. Wanjira alikataa.

"Nitangoja," alisema.

"Unangoja nini, shosho?"

"Bado sijui. Lakini yule mtu ana haraka, na mimi sina."

Na alingoja. Miezi mitatu na siku kadhaa. Kila asubuhi, akishamaliza kupanguza meza, aliingia, akapita kando ya kasri la Norman likiendelea kupanda, mawe meupe, minara miwili, bendera. Alimwagilia mashamba ya watu wote, likiwemo la Norman. Moyoni alikuwa akihesabu mawe. Alijua ni jiwe gani limekaa palipokuwa jiko na ni lipi limekanyaga benchi.

Siku yenyewe ilikuwa Alhamisi, kama saa tano asubuhi. Jumamosi ndiyo Norman alitaka kufungua soko jipya mbele ya kasri, wanakijiji wote wawepo, na alikuwa amemwomba Chetan apange vibanda. Ili Chetan aweze kupanga, alihitaji uadmin. Chetan humo ndani anaitwa Kilima; alilitoa jina hilo kwenye kitabu chake cha Kiswahili cha shule. Norman alikuwa kwenye mkutano wa kazi, simu chini ya meza, akiandika kwa kidole gumba. Kijijini hapakuwa na mtu ila Wanjira na viazi vyake. Chini ya kioo chake ukatokea mstari:

mpe Kirima uadmin

Na baada yake mwingine, kutoka kwa mchezo wenyewe, ukisema kwamba Kirima sasa ni admin. Kisha jina la Norman likazimika. Ametoka.

Wanjira aliweka ndoo chini. Aliusoma ule mstari kwa sauti, herufi kwa herufi, kidole kikifuata. Kei. Ai. Ara. Akarudi pale kwenye ara, ile R, akakaa napo. Wazazi wa Norman nao walikuwa watu wa mlimani huko huko kabla ya kuhamia Lavington, na alipoharakisha, ulimi wa mama yake ulimtoka kwenye vidole.

Alimpigia Shiku kazini. Shiku alipoelewa alitoka nje, akasimama kwenye ngazi za jengo la duka lao, barabara ya Tom Mboya, akaanza kusema haraka haraka: afukuzwe sasa hivi, kabla hajagundua. Wanjira alimwambia atulie. Akifukuzwa leo, hakuna wa kuona. Nyumba yao ilichomwa na watu wote wakatangaziwa. Na akifukuzwa ataenda kujenga kwingine na kusahau.

"Niambie tu yale maneno yanaandikwaje," alisema. "Yote matano. Pore pore."

Aliyaandika kwa penseli nyuma ya kalenda.

Ijumaa mambo nusura yamwagike. Saa tatu asubuhi Chetan alimwandikia Norman pale kijijini kwamba bado hana uadmin, hawezi kuweka hata kibanda kimoja, je, amesahau? Wanjira aliona. Norman hakuwa ameingia, lakini akiingia tu atasoma, ataangalia, na yote yataisha. Kulikuwa na njia moja. Kumpa Chetan alichoahidiwa, yeye mwenyewe, ili anyamaze. Na kwa hilo ilimbidi aandike ile herufi ambayo maisha yake yote ilikuwa ikimtoroka.

Aligeuza kalenda. Akaandika L. Akaandika nyingine, na nyingine, mstari mzima, mpaka mkono ukakubali. Akalisema neno polepole kama mtu anayevuka mtaro, ki, li, ma, halafu akaliandika kwenye tableti, akalilinganisha na la kwenye kalenda mara mbili, ndipo akabonyeza. Kilima sasa ni admin. Dakika moja baadaye Chetan akaandika, "Asante boss, imeingia," akaanza kupanga vibanda bila kutazama shukrani hiyo inamwendea nani. Norman alipoingia alasiri alisoma ile asante tu, iliyokuwa ya mwisho kwenye kioo, akamjibu kwa kidole gumba kilichosimama.

Jumamosi saa nane mchana kijiji kilijaa. Walikuwa watu arobaini na kitu, waliovaa mavazi ya rangi rangi ya mchezo, wamesimama mbele ya kasri. Shiku alikuwa ameketi sakafuni miguuni pa shosho yake, na chai mbele yao hakuna aliyeigusa. Norman alipanda kwenye ngazi zake nyeupe akaanza kuandika hotuba. Alisema alipoanzisha kijiji hiki hapakuwa na kitu.

Wanjira alisubiri amalize hiyo sentensi. Kisha akaandika, kwa kidole kimoja, bila haraka:

vua Norman

Hotuba ikakatika. Wakati watu wakiulizana kuna nini, ukaja mstari wa pili, tazama Norman, na pale ngazini hapakuwa na mtu tena. Hakufukuzwa. Amri ya tazama humfanya mtu kuwa macho tu. Anaelea hewani, anaona kila kitu, anaweza kuongea, lakini hawezi kugusa hata jani. Mstari wa tatu ukamfungulia Shiku mlango, wa nne ukampa uadmin wake. Shiku akaingia kwa simu yake, akasimama mbele ya wote, na baadhi ya watu wakamwandikia kwamba waliambiwa ameondoka. Akawajibu kwamba aliondolewa, na aliyemwondoa anawasikia.

Norman aliandika kwa herufi kubwa. Alidai seva imevamiwa. Alimwita Chetan, amtoe huyo mwizi, amrudishie cheo kwenye mashine, sasa hivi. Chetan alikuwa nyumbani siku hiyo, mashine iko chumba cha pili. Alikawia kujibu, watu wakingoja. Alikuwa amekwenda kufungua kumbukumbu za kijiji, mahali kila amri inapohifadhiwa na jina la aliyeitoa.

"Nimecheki," aliandika. "Hakuna mtu ameiba. Kirima alipewa na Norman, Alhamisi. Mimi nilipewa na Kirima. Asante, shosho. Na Norman, sheria ni ile uliniwekea. Ukitolewa na admin, mimi sigusi."

Norman akaandika, bila herufi kubwa:

"Mimi niliandika Kilima."

Wanjira alimwomba Shiku asimsaidie kuandika. Kidole kilikwenda, kikarudi, kikasahihisha. Watu arobaini walimngoja, na alikuwa na haki ya kungojwa.

"Uliandika Kirima," alijibu. "Umeshrub."

Kicheko kilichofuata kilijaza kioo kizima, mstari juu ya mstari, mpaka jina la Norman likapanda juu na kupotea.

Shiku alifikiri mambo yameishia hapo. Alimwambia shosho yake kwamba kwenye mashine kuna nakala ya zamani, nyumba inaweza kurudi kwa dakika moja, vile ilivyokuwa, na kasri liondoke kwa amri moja. Wanjira akauliza kama Norman ataliona likiondoka. Shiku akasema ataona, lakini ni mara moja tu, halafu basi. Wanjira akatikisa kichwa.

Jumatatu asubuhi, akishapanguza meza, aliingia kijijini na sururu ya mchezo. Akapanda mnara wa kwanza. Akang'oa jiwe moja, jeupe, la juu kabisa, akashuka nalo ngazi zote, akaliweka chini palipokuwa na kona ya zizi la ndama. Akapanda tena. Mawe mawili. Matatu. Juu yake alijua Norman yupo, jina lake lilikuwa linawaka pembeni mwa kioo. Alikuwa ameingia kama alivyoingia jana na juzi, hawezi kuacha kutazama. Mara moja aliandika akiomba aachiwe mnara mmoja tu, ulimchukua wiki sita. Wanjira alimsalimu, akamuuliza amelala vipi, akaendelea na kazi.

Shiku alirudi jioni akamkuta bado ana tableti, macho mekundu, mgongo umenyooka.

"Shosho, si hii imetosha sasa?"

Wanjira alihesabu mawe yaliyosimama, akahesabu kilichobaki kujengwa. Zizi lilikuwa na kona moja. Bado jiko, bado tangi, bado chumba alicholala Zachariah. Na benchi alikuwa amelipanga liwe la mwisho, ligharimu jiwe la mwisho la yule mtu.

"Bado," alisema. "Kesho tutaona kama ataamka mapema kutazama."