Msamaha wa Mtu Anayekufa

Kosa kubwa la Munyao wa Kalama lilikuwa kuungama mapema. Tumbo lilikuwa limemvimba upande mmoja, jasho linamtoka mpaka godoro linaanikwa nje kila asubuhi, na padri alikwisha kuja kumpaka mafuta ya wagonjwa. Mtu akifika hapo hana tena wa kumwogopa. Basi akamwita jirani yake Kitonga, akamshika mkono, akamwambia kwamba ule mstari wa mikonge unaotenganisha mashamba yao ni yeye aliyeusogeza hatua nne, mwaka ule Kitonga alipokuwa akimuuguza mkewe Wavinya hospitalini.

Kitonga alimtazama mgonjwa aliyebaki mifupa na tumbo. "Nimekusamehe, Munyao. Enda na amani."

Munyao hakwenda popote.

Wiki iliyofuata binti yake Winfred alimburuta mpaka Nairobi. Damu ikapimwa, na daktari mmoja kijana, Wakiuru, akamwambia ana saratani ya damu, ya aina ambayo siku hizi ina vidonge. Kimoja kila siku, baada ya kula, na glasi kubwa ya maji. Munyao alikitazama kidonge akakidharau. Yaani padri ameshindwa, halafu aokolewe na kitu kama punje ya mahindi? Miezi mitatu baadaye tumbo lilikuwa limenywea. Mwezi wa sita alikuwa anamaliza sufuria ya muthokoi, yale mahindi ya kukobolewa na maharagwe, na kumlalamikia mkewe Mukai kwamba chumvi ni kidogo. Macho tu ndiyo yalimvimba na kutoka machozi. Wakiuru akasema hiyo ni dawa, avumilie, na asiiache hata akijisikia nafuu.

Siku moja Kitonga akamwona akipanda kilima na mtungi wa maji begani.

"Munyao! Wewe bado uko?"

"Niko, kwa neema ya Mungu."

"Aiya! Mimi nilisamehe mtu anakufa. Huyu anabeba maji simjui. Chukua jembe!"

Padri aliposikia alisema msamaha ukishatolewa haurudishwi. Kitonga akamwambia arudi kwa misa yake.

Basi Munyao akaanza kung'oa mikonge, sitini na miwili, na kuipanda upya mahali pake pa zamani. Miiba ilimchoma mpaka makalioni. Kitonga alikaa juu ya jiwe kusimamia, kimya. Kimya hicho ndicho kilichomuumiza Munyao. Miaka arobaini walikuwa wamekunywa chai pamoja, na sasa hata salamu hapati. Angempa shamba zima ili aitwe jina lake tena kwa uzuri.

Siku ya tano Kitonga alifungua mdomo. "Umekunywa dawa?"

"Niliwacha juzi. Si nimepona?"

Kitonga aliinuka. "Wavinya alikuwa na tumbo kama hiyo yako. Watu wakasema amerogwa. Daktari akasema ni damu, na dawa hakuna. Hata mwaka hakumaliza. Wewe mwizi umepewa dawa, unaiweka kwa kabati?"

Aliingia jikoni kwa Mukai bila kubisha hodi, akatoka na kidonge na maji, akasimama mpaka Munyao akameza. Kuanzia hapo alikuja kila siku baada ya chakula cha mchana, akaketi kama mtu anayedai chai, asiondoke kabla kidonge hakijashuka. Mukai akaanza kumpikia hiyo chai.

Mvua za Novemba zilipoanza, ulikuwa umebaki mkonge mmoja tu, karibu na njia. Munyao akainua jembe. Kitonga akaweka mguu mbele yake.

"Hiyo wacha."

"Si ulitaka yote?"

"Hiyo ni ya mwaka ujao. Na mwaka ujao ukifika, nitakwambia ni ya mwaka ingine. Umekunywa dawa, Munyao?"

Munyao alikuwa amekunywa. Aliinama akajifanya anafunga kamba ya kiatu, maana macho yalikuwa yamemjaa machozi, na safari hii haikuwa dawa.