Alfajiri ya Siku ya Sabini na Moja

Palikuwa na nchi ambayo hakuna mtu aliyeweza kuifikia kwa miguu. Ilikuwa ndani ya mchezo wa kompyuta. Watu waliingia kwa Lango moja, kila mtu kutoka mji wake, kila mtu mikono mitupu. Ukishaingia, nchi ilikupa njaa, ikakupa kiu, ikakuacha ujitafutie. Aliyekufa huko hakuzikwa. Aligeuka kivuli, akasimama Langoni bila sauti mpaka mtu aliye hai akubali kumkatia nusu ya uhai wake. Na siku ambayo wote wangekuwa vivuli kwa pamoja, nchi ingefutika kana kwamba haikuwahi kuwapo.

Aliyeifungua nchi hiyo aliitwa Mwenyeji. Hakuwa na nguvu kuliko wengine wala akili kuliko wengine; alifika kwanza, basi. Lakini kufika kwanza kulimpa fimbo. Kila jua lilipochomoza nchi ilipigwa muhuri kama ilivyo, kila kibanda, kila mche, kila ukuni uliolala chini. Mwenyeji akiinua fimbo, vyote vilirudi kwenye muhuri wa mwisho. Kilichoungua kilisimama tena, na aliyekufa alijikuta yuko hai mlangoni kwake. Kumbukumbu za watu ndizo hazikurudi nyuma. Wala halikurudi jina la mtu aliyefukuzwa, kwa maana Mwenyeji akimfukuza mtu aliliandika jina lake juu ya jiwe la Lango, na mtu huyo hakuingia tena.

Mwanzoni aliinua fimbo kwa huruma. Mafuriko yalipomchukua mtu, aliinua, na watu wakamshukuru. Baadaye aliinua kwa sababu kofia yake ya manyoya ilianguka mtoni. Siku hiyo watu waliokuwa wamechimba kisima tangu asubuhi walijikuta wameshika majembe juu ya ardhi isiyo na hata mkwaruzo. Walitazamana, wakaanza kuchimba upya. Hakuna aliyesema neno, kwa kuwa Waziri wa Mwenyeji alikuwa amewafundisha wimbo mmoja nao wameuzoea kama pumzi: Mwenyeji akitoka, Lango hufungwa.

Katika kambi hiyo ya watu thelathini na wawili alikuwamo mwanamke aliyeitwa Kibibi. Kazi yake ilikuwa kutunza barafu. Majira ya baridi alikata barafu ziwani, akaifukia ndani ya shimo refu, juu yake nyasi, juu ya nyasi udongo. Kisha, kuanzia siku ya hamsini na sita, joto lilipoingia, aliitoa kidogo kidogo na kuulisha Mtambo. Mtambo ulisimama katikati ya kambi kama chungu kikubwa chenye shingo. Popote ulipoona moto ulirusha barafu, moto ukafa. Bila Mtambo hapakuwa na kambi, kwa sababu joto la nchi hiyo halikuwa la mzaha. Mtu hakwenda kuchota maji bila jiwe la baridi kifuani. Nyasi zilikauka zikawa za rangi ya simba, na ikifika adhuhuri zilijiwasha zenyewe, bila kiberiti, bila mkono wa mtu. Mvua ingekuja siku ya themanini. Kibibi alikuwa amepima barafu yake mara tatu: ingefika siku ya themanini, na ingebaki ya siku moja.

Uhai aliokuwa nao haukuwa wake wote. Majira ya baridi alizama ziwani akikata barafu, akasimama Langoni kivuli siku mbili, na wapitao wakageuza nyuso. Aliyekuja ni mkulima wa matikiti wa kambi, mama mnene mwenye maneno mengi ambaye kila mtu alimwita Shangazi. "Sogea huku, wewe kijiti," alimwambia. "Nina uhai mwingi kuliko kazi yake." Akamkatia nusu. Tangu siku hiyo Shangazi alitembea akihema, na hakumkumbusha Kibibi jambo hilo hata mara moja.

Alasiri ya siku ya sabini Mwenyeji aliita baraza. Kesho yake ilikuwa Siku ya Mwenyeji, sikukuu aliyojitungia mwenyewe.

"Mtambo umenizimia mbuzi wangu mara mbili," alisema. "Mara mbili, jamani! Nakula nyama mbichi kama fisi, mimi niliyewafungulia nchi."

"Huo ni uhaini, Mtukufu," alisema Waziri.

"Mtambo hauna macho ya kuchagua, Mtukufu," alisema Kibibi kwa upole. "Ukiona moto unarusha. Haujui moto wa jiko na moto wa maafa."

"Basi kesho ulale. Na barafu yote itolewe leo hii ipoze uwanja wa sherehe. Wageni wangu wasikanyage mchanga wa moto."

"Wageni gani?" aliuliza Shangazi kutoka nyuma. "Sisi ni wale wale thelathini na wawili, na mimi nyayo zangu zimeshazoea. Afadhali wewe ule nyama mbichi kuliko sisi tuliwe tumeiva."

Watu walicheka, kisha wakaona uso wa Mwenyeji, wakaacha.

"Na kukiungua?" aliuliza Kibibi.

Mwenyeji aliigonga fimbo chini. "Kukiungua, hii ni ya nini?"

"Fimbo inarudisha alfajiri, baba," alisema Shangazi, safari hii bila mzaha. "Jana hairudishi. Kesho jua likituchomozea na shimo tupu, tutapigwa muhuri na shimo tupu."

"Nani amemwuliza mwenye matikiti mambo ya dola?" alisema Waziri, na baraza likafungwa.

Kibibi alilifukua shimo kwa mikono yake mwenyewe. Wanaume walibeba barafu kwa machela, wakaitandaza uwanjani, na mchanga ukainywa kabla jua halijazama. Alipokuwa akitoa barafu ya mwisho kinywani mwa Mtambo alisali sala fupi: Mola wangu, lisitokee. Hakuomba ujasiri wa kukataa. Jambo hilo alikuja kulikumbuka baadaye.

Jua la siku ya sabini na moja lilichomoza, muhuri ukapigwa. Saa sita mchana Mwenyeji alikuwa anakata paja la mbuzi, limeiva vizuri, watu wanapiga makofi, moshi mwembamba ulipoinuka nyuma ya ghala. Kufumba na kufumbua nyasi zote za upande wa mashariki zikawa ukuta wa moto. Mtambo uligeuza shingo, ukafungua kinywa, ukatoa mlio mkavu. Watu saba waligeuka vivuli kabla hawajafika mtoni. Shangazi alionekana mara ya mwisho kwenye bustani yake, akiyafunika matikiti kwa kanga. Mwenyeji akainua fimbo.

Ilikuwa alfajiri. Nyasi zilisimama, wale saba walisimama milangoni wakijipapasa. Shimo lilikuwa tupu.

Kibibi alikimbilia ukutani kuchukua mundu, kwa sababu hesabu ilikuwa wazi kwa yeyote: kutoka mapambazuko mpaka saa sita ni saa sita nzima, na watu thelathini na wawili wenye miundu wangeweza kuizungushia kambi njia pana ya udongo mtupu. Lakini ngoma ya baraza ilikuwa imeshalia.

"Kuna mtu amechoma nchi yangu," alisema Mwenyeji.

"Nyasi hazijui kujiwasha," alisema Waziri. Kila aliyekuwa pale alikuwa ameona nyasi zikijiwasha siku kumi na tano mfululizo, Mtambo ukizizima. Hata hivyo vichwa kadhaa viliitikia. "Tujiulize, Mtukufu. Nani alijua kwamba patawaka? Nani alisema hapa, mbele yetu, kwamba tutaliwa tumeiva?"

Macho yote yalimwendea Shangazi.

"Haya!" alisema Shangazi. "Aliyesema mvua inakuja ndiye aliyeileta. Mtukufu, muda unakwenda. Hebu tushike miundu, mtanihukumu jioni kukipoa." Hapo akageuka. "Kibibi, mwanangu, wewe ndiye mwenye Mtambo. Waambie habari za hizi nyasi."

Kibibi alifungua kinywa. Alimwona mpwa wa Waziri amesimama karibu na Mtambo, mkono juu ya shingo yake, kama mtu anayepima nguo ya mwenzake. Aliona jiwe la Lango na nafasi iliyobaki juu yake. Akatazama miguu yake.

Ukimya huo ulidumu kiasi cha pumzi tatu. Ulitosha.

Waliandika jina la Shangazi jua likiwa halijafika vichwani. Alipofika Langoni alisimama kidogo, akihema, akasema, "Yale matikiti myamwagilie. Hayana kosa na mtu." Hakumtazama Kibibi. Lango likajifunga nyuma yake.

Asubuhi yote iliyobaki ilikwenda katika kula viapo vya utii, mmoja mmoja, mbele ya fimbo. Saa sita mchana moshi mwembamba uliinuka nyuma ya ghala. Safari hii watu kumi na mmoja waligeuka vivuli.

Na ilikuwa alfajiri.

Kibibi hakukimbilia mundu. Alipiga magoti mlangoni pake, kwenye mchanga ambao tayari ulikuwa wa vuguvugu, akaomba kile ambacho hakukiomba jana, ambayo ilikuwa leo. Mola, alfajiri ni yako wewe. Umetupa ya tatu, na mbili nimezila kwa woga. Nipe mdomo. Ngoma ilipolia aliinuka, akaenda, akasimama mbele.

"Shangazi hayupo," alisema. "Jina lake liko juu ya jiwe, Lango limefungwa. Nani amewasha moto wa pili?"

Watu waliligeukia jiwe la Lango.

"Mimi ndiye niliyelifukua shimo," aliendelea. "Nilijua, nikafukua. Jana niliulizwa neno moja la kweli, nikatazama miguu yangu, na aliyenipa nusu ya uhai wake akatolewa kama takataka. Kosa hilo ni langu, nalikiri mbele ya Mungu na mbele yenu. Sasa nawe, Mtukufu, kiri lako. Neno moja tu. Kisha tukate nyasi, hatutaungua leo."

Mwenyeji alizitazama nyasi. Kwa kitambo kidogo uso wake ulikuwa uso wa mtu wa kawaida, aliyechoka, mwenye masizi ya siku mbili moyoni. Midomo yake ilisogea. Watu wote waliinama mbele kidogo kumsikia.

Waziri alimwegemea sikioni. Hakunong'ona kwa siri ya kutosha. "Zikikatwa, Mtukufu, watasema yule mama hakuwa na hatia. Na akiwa hana hatia yeye, ni nani mwenye hatia?"

Uso ukajifunga.

"Kumbe ni wewe," Mwenyeji alimwambia Kibibi. "Tangu mwanzo ni wewe. Askari, mpeleke kwenye jiwe."

"Usimsumbue," alisema Kibibi. "Njia naijua."

Aliuweka ufunguo wa Mtambo mchangani, akalivua jiwe lake la baridi, akampa mwanamke aliyekuwa karibu, akaanza kutembea. Alipita kando ya matikiti, akayamwagia maji ya kibuyu chake chote. Aliposikia nyayo nyuma alidhani ni Askari amekuja kumshika. Alipogeuka aliona watu sita. Kisha walikuwa kumi na wawili, kisha watu wote isipokuwa Waziri na Mwenyeji. Wengine walikuwa wakilia, kwa maana nyumba walizojenga kwa siku sabini zilikuwa nyuma yao, zimesimama, nzima, zikimetameta kwenye jua la asubuhi, na ilikuwa vigumu kuamini kwamba zilikuwa majivu tayari.

"Rudini!" alipiga kelele Mwenyeji. "Nikitoka mimi, Lango hufungwa! Mmesahau?"

Askari alikuwa wa mwisho. Aliulaza mkuki chini kwa adabu, kama mtu anayelaza mtoto.

"Basi kaa, Mtukufu," alisema. "Usitoke."

Nje ya Lango, Kibibi alimkuta Shangazi. Alikuwa ameshafungua nchi nyingine, changa, ya majira ya masika, yenye matope na vyura. Kibibi alimpigia magoti.

"Inuka, utaharibu miche," alisema Shangazi. Sauti ilikuwa ile ile, lakini jicho lilikuwa la mtu aliyewahi kuachwa. "Nimekusamehe kwa Mungu. Kwa moyo wangu nipe muda. Mundu ule pale."

Kibibi aliukuta mundu umetundikwa ukutani. Kando yake iliegemea fimbo, mpya, haijashikwa bado, kwa kuwa kila afunguaye nchi hupewa fimbo, atake asitake. Kibibi aliitazama kwa muda mrefu. Kisha akaenda kukata nyasi, ingawa zilikuwa bado mbichi.

Na kule kwingine? Waziri alivumilia adhuhuri mbili zaidi, kisha naye akaonekana akitoka Langoni, kofia mkononi, akiuliza kama huku wanahitaji waziri. Alisema kwamba Mwenyeji bado yupo. Kila kunapokucha anapiga ngoma mwenyewe, anaketi mbele ya viti thelathini na kimoja, anauliza ni nani aliyechoma nchi yake. Mtambo unageuza shingo, unatoa mlio mkavu. Hathubutu kungoja moto umfikie, maana yeye peke yake sasa ndiye nchi nzima, na hakuna wa kumkatia nusu ya uhai. Kwa hiyo huinua fimbo.

Jua linachomoza. Shimo ni tupu, mundu umetundikwa pale pale. Na kila mara, kabla moshi haujainuka nyuma ya ghala, anapewa tena saa sita nzima.