Sikio Juu ya Tangi

Hatua ya kwanza tu, asije akapitiliza, keshamwambia na kumrudia, zungusha ufunguo mpaka taa za dashibodi ziwake halafu simama hapo hapo, usiendelee, na mama mkwe wake, Bi Oyniso, ambaye maisha yake yote hajaendesha kitu isipokuwa punda, kamjibu, "Nimesikia, bi harusi, mimi si kiziwi," kisha badala ya kuzungusha kauweka ufunguo mapajani, kainua viganja, anaomba dua kwanza… haya, dua nayo, Sanobar atafanya nini, kalala kifudifudi pale palipokuwa na kiti cha nyuma, miguu inaning'inia nje ya mlango, shavu kwenye bati la baridi, sikio limekaribia kabisa kichwa cha pampu ya petroli iliyozama tangini, na moyo unamdunda mpaka anaogopa hatasikia kingine, maana anachokitaka ni kitu kidogo mno, mvumo tu, vuuu, wa kufumba na kufumbua, tangi likivuma injini itawaka, injini ikiwaka gari linabaki, lisipovuma shemeji yake Hamdam, yule pale uani anayekunywa chai na kamba ya kuvutia gari iko begani, atalifunga mbele na kutoka nalo getini, na aliapa, tena juu ya mkate, asubuhi hii hii, kaweka kiganja juu ya mkate huku anacheka, "Likiwaka leo kwa mkono wako mwenyewe, shemeji, haki ya mkate huu sitalitaja tena gari hili mpaka naingia kaburini," akidhani anatania, lakini mkate hautaniwi, kipande ukikiokota njiani unakibusu unakiweka juu ya ukuta miguu isikifikie, sasa wewe mtu mzima umeapa juu ya mkate mzima mbele ya mama yako mzazi, utakwenda wapi… na bi harusi, eti, mwaka wa kumi na nane huu, binti ana urefu wa kumpita mama yake, na bado bi harusi, bi harusi leta maji, bi harusi fagia uani kabla jua halijatoka, leo bi harusi ananuka petroli kichwani mpaka miguuni na hajali, wallahi hajali, ana furaha kama mtoto siku ya sikukuu na bado hata hajajua kama kitu kinafanya kazi.

"…na awalinde walio safarini," Bi Oyniso ananong'ona kule mbele, "na mwanangu Tursun huko Urusi kwenye baridi…" Tursun, ndiyo, mume mwenyewe, amwombee, maana ndiye aliyeiua pampu, mtu mwema, anatuma salamu, anatuma makoti, lakini pampu kaiua yeye, na wala hakuwa peke yake, mtaa mzima unaua pampu, kila nyumba ina gari jeupe na kila gari jeupe linakula gesi, mtungi mwekundu umejaa buti huna pa kuweka hata kikapu, na petroli wanaiona kama dawa, ya kunusa tu, gari linaamka kwa petroli, likipata joto linabadili lenyewe kwenda gesi, basi kwa nini ujaze tangi, Tursun alikuwa anamimina chupa moja ya soda, anapiga kifuniko cha tangi kofi, anasema haba na haba hujaza kibaba, na haba na haba yake ndiyo iliyokausha tangi, kwa sababu pampu imekaa ndani ya petroli, petroli ndiyo inayoipoza, na hata gari likienda kwa gesi yenyewe haijui, inazunguka tu, inazunguka kavu, inaungua polepole huku mwenye gari anajisifu ameokoa… rahisi ghali, walisema wazee, na hakuna aliyesikia. Sanobar alipompigia simu akamwambia, baba Zilola, nadhani ni pampu, Tursun akacheka kule kwenye kelele za zege, "Pampu? Wewe na pampu wapi na wapi, usiguse, mngoje kaka Hamdam," na kaka Hamdam akaja, akafungua boneti, akatazama ndani kama anayetafuta kondoo aliyepotea, akafunga boneti, akasema injini imekufa, la kuvunda halina ubani, afadhali alichukue likafie kwake, mwanawe ataling'oa vipuri… vipuri. Gari zima, matairi mapya ya kiangazi cha juzi. Na ndani ya kichwa cha Sanobar kulikuwa na jambo moja tu alilolimeza bila maji, kwamba gari likitoka getini, Kizilsoy, kijijini kwao, nayo imetoka, mlima wote umetoka, na mama yake aliye juu ya mlima huo, ambaye hajamwona majira mawili ya baridi, ambaye sauti yake kwenye simu inapungua unene kila mara, kule hakuna basi linalopanda, na kaka Hamdam kila akiombwa anasema wiki ijayo, shemeji, barabara ikikauka, na barabara ilikauka ikalowa ikakauka.

Lakini injini haikufa, alijua haijafa, alilijua hilo tangu siku ile ya theluji ya mwisho alipojaribu kuliwasha akakasirika akavua kiatu cha mpira akalipiga tangi kwa chini, pa, pa, likawaka, likaguna likakimbia likapata joto likahamia gesi likaenda vizuri kabisa mpaka sokoni na kurudi, na kesho yake likakataa tena, sasa maiti gani inayoamka ukiipiga kiatu, huyo si maiti, huyo ni mgonjwa, na mgonjwa mwenyewe si injini, ni kitu kilichokwama mle tangini… akaanza kusikiliza, usiku hapana, mchana kweupe, wengine wamelala, anazungusha ufunguo hatua ya kwanza anaziba pumzi, kimya, kama maji mtungini, hakuna mvumo, akatazama fyuzi, nzima, akaazima taa ya kupimia umeme kwa jirani anayefuga nyuki, akaingiza ncha kwenye waya za pampu, taa ikawaka, ikawaka jamani, umeme unafika, umeme unafika na pampu hainyanyuki, ndiyo hiyo, keshaipata, akacheka peke yake mle ndani ya gari mpaka Bi Oyniso akauliza kutoka jikoni kuna mgeni gani. Pampu ni pampu. Ya kisima cha uani ilipochoka nani aliifungua, si yeye, Tursun akiwa huko huko Urusi, kwa hiyo Jumapili kaivaa kanzu yake nzuri kaenda gulio la vipuri, muuzaji akamtazama juu chini, "Dada, mumeo yuko wapi?" akamwambia yuko kazini, na mimi niko kazini, nionyeshe hiyo iliyo kwenye boksi la bluu, hapana, hiyo plagi yake ina miguu mitatu, ya kwangu ina minne, na yule bwana akaleta ya minne… ah, kumbukumbu hiyo ataila na chai mwezi mzima.

"Shemeji," sauti ya Hamdam uani, imejaa mkate, "umelala huko? Nikuletee mto?" Mwache aseme. Asubuhi alisema mengine, alipomwona anatoka jikoni na mti wa kusukumia tambi mkononi, akapiga paja, mama, tazama, mkaza mwanao anakwenda kulisukuma gari liwe tambi, na kweli ulikuwa mti wa tambi, kwa sababu ile pete kubwa iliyoishika pampu imekaza kwa miaka, lazima uigonge izunguke, na ukiigonga kwa nyundo ya chuma juu ya tangi la petroli cheche moja tu na nyumba nzima inasomewa hitima, mti ndio salama, na nyumba hii haina mti mgumu kuliko huo, wa Bi Oyniso, alikuja nao mwenyewe akiwa bi harusi, hauguswi, haukopeshwi, Sanobar mwenyewe aliruhusiwa kuushika mwaka wa tano wa ndoa… na leo, hapo ndipo panapomchanganya, alipouomba alitegemea mvua ya maneno, lakini bibi kamtazama, kaufuta unga kwa kanga ya kiunoni, kampa, "Gonga, halafu uoshe kwa majivu." Akagonga, tok, tok, tok, kuzunguka, bateri keshaitoa waya, milango yote wazi, pete ikasita, ikalegea unywele mmoja, akagonga tena, ikalegea, akaivuta pampu ikatoka na matone mawili ya petroli na harufu kali, imeungua, nyeusi tii, brashi za mota yake zimekwisha kama sabuni ya msikitini, maskini, akaipakata kidogo, kweli aliipakata, kisha akaweka mpya, kichujio kipya, mpira mpya wa kuziba ukingo usivuje, kafuta ukingo kwa kitambaa safi, kamimina petroli, siyo chupa, madumu mawili, limeshiba leo kwa mara ya kwanza tangu Tursun alinunue, kabana mipira ya kupitishia petroli, kapitisha kidole, pakavu, hapavuji.

"Amin," Bi Oyniso anapitisha viganja usoni, kisha, "na kikombe," anasema, kama anayemalizia dua, kikombe gani tena, anasema mwenyewe, "Hamdam bado anakaa na kikombe kile kile?" na hapo Sanobar anakumbuka, akiwa na sikio kwenye bati, jambo aliloliona kwa jicho la pembeni akiwa anabana mipira, bibi alimmiminia Hamdam chai ikajaa mpaka ukingoni, ikamwagikia sahani, na katika bonde hili lote mgeni unayempenda unammiminia kidogo, mafunda mawili, ili arudishe kikombe umwongeze tena na tena, kikombe cha kujaa ni cha mtu unayemwonyesha mlango, na Hamdam alishtuka akasema, "Mama, unanifukuza?" na bibi akasema mkono umetetemeka… mkono haujatetemeka. Mkono huo hukata tambi nyembamba kuliko nywele na haujatetemeka hata siku moja. Ngoja, alimfukuza? Mwanawe wa kwanza? Lakini mama huyu ni wa Hamdam, siku zote alikuwa wa Hamdam, kila jioni wanakaa wawili wananong'ona, Sanobar alidhani wananong'ona juu ya… na mti wa tambi… na nani aliyesema, likiwaka kwa mkono wake mwenyewe je, nani alilitupa neno hilo mezani asubuhi kabla Hamdam hajaweka kiganja kwenye mkate, si yeye Sanobar, yeye alikuwa anamwaga maji, alikuwa… "Nazungusha," anasema bibi, na tk, ufunguo.

Kimya. Taa zimewaka, anaona wekundu wake kwenye kioo, "Zimewaka zote, kama harusini," bibi anasema, na tangi kimya, hakuna vuuu, hakuna hata kikohozi, hapana, Sanobar, hapana, kosa wapi, miguu minne, pampu mpya, umeme upo, alipima, umeme… bateri keshairudisha, ndiyo, taa si zinawaka, mama yake anakohoa kule Kizilsoy anajifanya ni vumbi la makaa, fikiri, wewe, fikiri, mkono unapapasa gizani juu ya kichwa cha pampu, bomba, bomba, waya, plagi… plagi imekaa, lakini imekaa tu, kama mgeni asiyevua viatu, haijaingia, alipoibana alikuwa anatazama kikombe cha Hamdam, ee Sanobar, anaisukuma kwa kidole gumba mpaka kucha inauma, tk ndogo, tamu, na kabla hajasema chochote, "Nirudie?" bibi anauliza, kwa sauti ya mtu aliyekwishajua, "Rudia, Mama, hatua ya kwanza, hatua ya…"

Vuuu. Hiyo. Hiyo hapo, inaimba, chini ya shavu lake, inatetemesha meno, inapanda kwenye mipira kwenda mbele, kisha inanyamaza yenyewe kama inavyotakiwa, tangi limejaa, pampu imelala kwenye petroli yake, na Sanobar anacheka mdomo ukiwa kwenye bati, vumbi linaingia, anacheka, "Kuna nyuki humu," anasema Bi Oyniso, "Si nyuki, Mama, ndiyo yenyewe, ngoja, ngoja kidogo, nitakuja mimi…" lakini bibi hangoji, huyu aliyeambiwa na kurudiwa asipitilize anapitiliza, anazungusha mpaka mwisho, gari linakohoa, linakohoa tena, na linawaka, linanguruma uani kuku wanatawanyika, na Sanobar bado amelala vile vile, miguu nje, anafikiri, kwa mkono wako mwenyewe, alisema, je, atabishana, atasema mkono uliozungusha ni wa mwingine, haya abishane basi, mkono huo ni wa mama yake, akambishie mama yake juu ya mkate, na anasikia viatu vya Hamdam vinakuja mpaka mlangoni, vinasimama, kamba inashuka begani inaanguka chini, "Mama," anasema Hamdam, taratibu, "wewe ndiye uliyewasha?" na bibi anamjibu bila kugeuka, "Kamalize chai yako, mwanangu, inapoa," viatu vinarudi vilikotoka. Injini inaendelea. Bibi ameshika usukani kwa mikono yote miwili, Sanobar anaviona viganja hivyo kwenye kioo, vina unga kwenye kucha. "Bi harusi," anasema, polepole, akitazama mbele kwenye ukuta wa udongo kama mtu aliye barabarani, "tangu gari hili liletwe nimekaa huko nyuma ulipolala, mimi na magunia ya viazi. Tukienda kwa mama yako mimi nitakaa mbele." Na Sanobar hajamwambia mtu yeyote kwamba anakwenda kwa mama yake, si Tursun, si binti yake, hajalitoa neno hilo mdomoni hata peke yake, shavu liko pale pale kwenye bati, na bati limeanza kupata joto. "Sawa, Mama," anasema, "utakaa mbele."