Mraba Mweupe Ukutani

Mume wangu, Lazarus Opiyo, alikuwa mtu wa kujifanyia kila kitu, na sifa hiyo aliipenda kupita kiasi. Aliandika hadithi, akapanga taa, akaiwasha kamera, kisha akakimbia mbele yake kuigiza. Hapa Eldoret walimwita kampuni ya mtu mmoja. Nilimwambia atakuja kujiponza, akacheka tu.

Filamu yake ilimhusu mchuuzi wa maziwa. Sehemu ya dukani tuliipiga Ainabkoi, kwa Mama Jemutai, na binti yetu mdogo, Apiyo, akacheza mtoto wa mwenye duka. Picha ya Rais ilikuwa ukutani, kama ilivyokuwa lazima kwa kila duka miaka ile. Kioo chake kikawa kinarudisha mwanga wa taa kwenye kamera. Lazarus mpiga picha akaishusha. Lazarus mwigizaji akaingia kununua sukari, akamtania Apiyo, naye mtoto akacheka hadi akashika tumbo. Kuirudisha ile picha, nani angekumbuka? Ukutani, na hivyo kwenye filamu pia, ukabaki mraba mweupe, pale ambapo moshi wa jiko haukufika.

Filamu haijakamilika, surua ikatuchukulia Apiyo. Lazarus akawa anakata na kuunga mkanda, hali wala halali. Mkanda ulikuwa wa bei nafuu, usio na negativu ya kutolea nakala nyingine, kwa hiyo nakala ilikuwa hiyo hiyo moja. Mimi nilichongoja ni kumwona mtoto wangu akicheka tena.

Filamu ilipokwisha tuliipeleka kwa ofisa wa vibali vya filamu, akaitazama mpaka alipouona ule mraba.

"Bwana Opiyo, picha ya Mtukufu Rais ilienda wapi?"

"Mkubwa, kioo ilikuwa inasumbua kamera. Nilitoa kidogo tu."

"Ulitoa Rais kidogo tu?"

Sikungoja wamalizane. Nilipiga magoti. "Mkubwa, huyo mtoto ni wetu. Alikufa. Hakuna pahali pengine tunaweza kumwona."

"Pole, mama. Lakini hiyo sehemu ikibaki, bwana yako halali nyumbani leo."

Akamsukumia Lazarus makasi. Nani mwingine angekata? Mhariri alikuwa yeye.

"Mama Apiyo, toka nje," Lazarus akaniambia.

Sikutoka. Nilikiona kile kipande alichokikata kikiwashwa kiberiti kwenye kisahani cha majivu, kikajikunja, kikayeyuka. Nilimchukia yule ofisa, na siku hiyo nilimchukia Lazarus pia.

Kibali tukapewa. Tulipoionyesha filamu kule Kesses, ukumbi ulijaa, watu wakashangilia. Kisha, kwenye filamu, Lazarus akatokea kwenye mlango wa duka akicheka, akageuka na kumpungia mkono mtu aliyebaki ndani.

"Sasa huyu anapungia nani?" mtu mmoja nyuma yangu akauliza, na wenzake wakaangua kicheko.

"Apiyo," nikasema, kwa sauti ya kusikika ukumbi mzima.

Lazarus, ambaye hata projekta alikuwa akiiendesha mwenyewe, akaizima. Tulikaa gizani tukingoja. Hapakuwa na mtu mwingine wa kuiwasha.